Marehemu Anatoli Byabato na Kitabu cha Majina

Wapendwa katika Kristo, mliofika hapa kumsindikiza ndugu yetu, tumwombeeni tukisikiliza.

Anatoli Byabato alizaliwa tarehe 14 Machi 1946, Kanyigo, Bukoba, akasoma hukohuko hadi darasa la nane mwaka 1961, kisha akajifunza kupanga herufi za risasi katika kiwanda cha chapa cha misheni, ambako macho yake yalizoea kushika sura ya herufi kabla ya kulisoma neno.

Tarehe 8 Julai 1972 alifunga ndoa na Benadetha, Mungu akawajalia Flaviana na Method, na mwaka 1989 wote wakahamia huku ughaibuni, Langley Park.

Tangu Mei 1991 alifanya kazi Arlington, katika duka la chapa la Bwana Vannak, Mkambodia, akichapa Kikhmer, lugha ya Kambodia, asichoweza kukisoma, kwa fonti aliyoibuni rafiki wa Vannak, ambayo kila herufi yake ilijificha nyuma ya herufi ya Kiingereza, na ndiyo iliyochapa kitabu cha majina 412 ya ndugu zao Wakambodia waliokufa vitani, yanayosomwa pagodani, hekalu lao, kila Septemba.

Mwaka 2005 ikaja Yunikodi, mfumo mpya wa kuandika herufi za lugha zote kwenye kompyuta, ikamsumbua, maana vidole vyake vilizoea kutanguliza alama ya irabu inayoonekana kushoto, nayo ilitaka konsonanti kwanza, na kila alipokosea kompyuta ilimchorea kiduara cha nukta mahali pa konsonanti iliyokosekana, basi akirudi nyumbani humwambia Benadetha kwamba leo amesuka ngata tupu, mtungi hakuna.

Januari 2008 madaktari walimkuta na saratani ya ini. Mwezi Juni kompyuta ya zamani ya dukani ikafa na fonti yake, nakala za karatasi zilikwisha kuharibiwa na maji, na kitabu kikifunguliwa kwenye mpya ni vurugu ya herufi za Kiingereza, ambayo hakuna aliyeielewa isipokuwa vidole vya Anatoli. Aliomba aletewe kompyuta mpya kitandani, akayachapa upya kwa Yunikodi jina moja moja, mke wa Vannak akiyasoma kwa sauti kila lilipotokea na kulia, hadi tarehe 19 Septemba alipomaliza, na mwisho wa mwezi yakasomwa yote.

Alifariki tarehe 3 Oktoba 2008, nyumbani, rozari mkononi.

Juzi Bwana Vannak aliomba ruhusa ya kuliandika jina lake kuwa la 413. Benadetha alisali kwanza, kisha akamjibu, "Mwandikeni, shemeji, ila msimsukie ngata."

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani wa Langley Park waliopika na kukesha nasi, na wenzake wa dukani, ambao jana walituletea jina hilo limechapwa, halina kiduara hata kimoja.

Pumzika kwa amani, Anatoli, mikono yako sasa itulie.