Aliyeandika Vitabu vya Vasantha

Devassy, funga mlango huo uketi. Rosily, niinue kidogo, mwanangu, kifua kimebana. Nitasema mara moja, nanyi mnisikilize mpaka mwisho, maana saa kumi yule mwalimu wa chuo kutoka Kozhikode atapiga hodi, na wewe Devassy umeshamwahidi jina la mwandishi usilolijua, ukitumaini nitakupa leo.

Nyumba hii ni ya Devassy. Shamba la kungumanga kule Koratty ni la Rosily, pamoja na njia ya kulifikia. Msije mkafungiana njia kama nilivyofungiwa na ndugu yangu Lonappan, tukafika mahali hata kanisani hatusalimiani. Mtambo wa kuchapa uuzwe chuma chakavu. Hayo ni mepesi.

Zito ni hili. Kweli kiwanda changu kilichapa vitabu vya Vasantha. Asubuhi tulichapa kadi za harusi na nyimbo za Kwaresima, mchana vile vijitabu vyembamba vya mambo ya chumbani, vilivyobanwa pini pande zote ili mtu asivisome bure pale kwenye kibanda cha stendi ya basi. Mji wetu mzima wa Chalakudy ulivisoma. Makarani walivificha ndani ya gazeti, na waliovilaani kwa sauti kubwa walijua vizuri mno yaliyomo.

Vasantha hakuwa mtu. Lilikuwa jina la kwenye jalada. Waliopanga herufi za madini ya risasi ni Porinju Kochappan, Velayudhan Kuttan na Antony Kunjuvareed. Niliwagawia kurasa moja moja, tena zikiwa zimechanganywa, asiwepo anayejua hadithi nzima. Porinju alikuwa akinililia: "Tajiri, jana umeniacha na dada wa watu mlangoni, kajifunga taulo tu! Niambie basi, aliingia au hakuingia?" Na polisi walipotuvamia, Velayudhan aliipiga teke fremu iliyoshika herufi, ukurasa ukamwagika sakafuni, zikabaki herufi tupu. Nani atazishtaki herufi?

Sasa huo mwandiko wanaousema watu. Mwandishi alikuwa mwanamke, mjane, wa hapa hapa, na hadithi hizo ndizo zilizowalisha wanawe. Wale watatu wangeutambua mwandiko wake kwa kutupa jicho tu. Kwa nini, Rosily, usiniulize. Basi mama yenu, Thresiamma, alinakili kila ukurasa kwa mkono wake, jikoni, kabla haujafika kiwandani. Porinju kafa, mjukuu wake kakuta karatasi moja sandukuni, kaipiga picha, watu wakatambua mkono wa mama yenu, imezunguka kwenye simu mpaka Angamaly kwa wakwe wa Jinsy, nao wanasema hawaoi mjukuu wa Vasantha. Jumapili tangazo la ndoa lisomwe au lisisomwe. Najua, Rosily. Ni mwanao.

Neno moja langu lingemsafisha mama yenu aliye kaburini na kumwoza Jinsy. Usinibane mkono hivyo. Silisemi.

Nilimwambia Thresiamma mapema, siku moja watasema ni wewe. Alikuwa anapepeta mchele, akacheka. "Waseme, bwana wee! Mimi nina mume, na mdomo ninao. Yeye ana nini? Ana wale watoto na kazi yake. Wakimjua, hata maji ya kisima hawatamwachia ateke." Na siku anakufa, kwenye kitanda hiki, aliniapisha tena.

Mwanamke huyo yu hai. Waambieni watu wa Angamaly: mwandiko ni wa mama yetu, hadithi si zake, mwenyewe hatumjui. Wakikubali, karibu. Wakikataa, Jinsy hajapungukiwa kitu, na asiinamishe kichwa mbele ya mtu.

Maji... kidogo. Basi, yatosha.

Nizikeni ubavuni mwa Thresiamma. Yule mwandishi atakuja mazishini. Atapita kwenye jeneza na wanawake wenzake, atanibusu paji la uso kama wao. Rosily, usiwachungulie machoni ukimtafuta. Wote... wote uwaite shangazi.

Sogeeni, niwawekee mkono. Mkono wenyewe mzito... usaidie, Devassy. Mungu awape nyumba yenye vicheko. Awape... watoto wanaojua kunyamaza. Na Jinsy pia, mwambieni, mkono huu... na yeye pia.

Hodi hiyo. Ni yule mwalimu. Kafungue, Devassy. Mpe chai. Mpe majina ya wapangaji herufi, ayaandike sawasawa. Matatu. Matatu tu, mwanangu... matatu...