Kanda Yenye Selotepu

Benchi la Abdinasir liko mbele ya duka lake la vifaa vya stima mjini Migori, na anayetaka kulikalia hununua kahawa, kwa sababu Abdinasir hapendi watu wa kuegemea bure. Asubuhi hiyo hakuna aliyeegemea. Wote walikuwa wameinamia tivi kuukuu ya mgongo na deki ya video, na magotini pa Joash palikuwa na kanda moja nyeusi. Joash hukusanya kanda za video ambazo wenzake walizitupa zamani. Majirani humcheka, panya wa nyumbani kwake humshukuru. Lakini hii, iliyoandikwa jina la baba yake ubavuni, hakuitafuta kwa mchezo. Baba yake, aliyekufa Joash akiwa bado ananyonya, alikuwa akisimulia filamu za kungfu kwa Kijaluo katika ukumbi wa video kule Awendo, na nyingine alizirekodi kwa sauti yake akaziuza. Mama naye hayupo tena. Kilichobaki cha wazazi wake ni hiyo sauti, kama imebaki.

Mosoti, fundi wa redio wanayemwita Waya, aliigeuza kanda juani.

— Uko na shida mbili, Joash. Ya kwanza ni ukungu. Hii naweza kuicheza mara moja tu, na pengine ikatike hata kabla iishe.

— Na ya pili?

— Angalia hapa mgongoni. Kanda ikiuzwa, hako kaplastiki kanavunjwa ndio mtu asirekodi kitu ingine juu yake. Hapa kamevunjwa vizuri. Halafu mtu akaziba shimo na selotepu.

Joash akaigusa ile selotepu. Alijua maana yake: kuna mtu aliyetaka kurekodi mambo yake juu ya sauti ya baba yake.

— Hiyo ni harusi, — akasema mzee Nchagwa, aitwaye Bunge kwa kuwa hakuna hoja inayopita hapo bila mchango wake. — Hii kanda uliitoa wapi?

— Mbita, mzee. Mama mmoja alikuwa anazuia nayo mlango wa kuku.

— Basi si harusi, ni matanga! Watu wa ziwani wanashuti matanga kuliko harusi. Baba yako amelala chini ya matanga ya mtu mwingine.

— Mzee, tafadhali.

— Mimi naona ni siasa, — Abdinasir akadakia, akimimina kahawa. — Wakati wa kampeni mtu alikusanya kanda zote, akafuta, akaweka hotuba yake.

— Mtu nani?

— Ningejua, ningekuwa hapa nauza balbu?

Bunge akapiga goti lake kofi. Alikuwa amepata kubwa zaidi.

— Wacheni! Ni wasimulizi wenyewe! Kulikuwa na mmoja Homa Bay, huyo alikuwa na wivu mbaya. Ananunua kanda za wenzake, anaweka sauti yake juu, anawaiga mpaka kikohozi. Nani alikuwa anajua? Pengine hata Awendo alikuwa anakuja yeye, si baba yako!

— Sasa hiyo umezidisha, — Waya akasema. — Lakini kuigana waliigana, hiyo ni ukweli.

Joash hakutaka kusikia zaidi. Kila neno lilimpunguzia baba.

— Omera, ndugu yangu, weka tu. Liwe liwalo.

Waya akaisukuma kanda ndani ya deki, polepole, akaweka kidole juu ya kitufe. Nyuma yao alikuwa amesimama mama mmoja, Truphena, mgeni mtaani, aliyekuja kununua balbu na kukuta mwenye duka amesahau duka.

— Samahani, mimi nilitaka balbu tu. Lakini hiyo sauti ikitoka, mtajuaje ni ya baba yake?

Joash akamgeukia Bunge kwa matumaini.

— Mzee, wewe ulikuwa unamsikia.

— Kila Jumamosi! Mimi na marehemu tulikuwa damu damu.

— Sauti yake ilikuwaje?

Bunge akainua kikombe, akakuta hakina kitu.

— Ilikuwa nzuri.

— Nzuri vipi? Nzito? Nyembamba?

— Nzuri tu, kijana wangu. Sisi tulikuwa tunaangalia ngumi.

Abdinasir akainamisha birika juu ya kikombe cha mzee. Yalitoka matone mawili na machicha. Akaliweka chini, akaenda kutafuta balbu.

— Nibonyeze? — Waya akauliza.

Joash alikuwa akitazama kioo cheusi cha tivi. Miaka yote aliogopa kwamba siku ikifika hatasikia kitu. Sasa aliogopa kwamba atamsikia mwanamume akiongea, na hatajua kama anapaswa kulia.

— Nibonyeze, ama niache?