Mwaka Wanunuzi wa Ng'ambo Waliponyamaza

Asanteni kwa kuniachia nafasi, ndugu zangu. Wengi hapa Birongo mnanijua kama yule mama wa ndizi. Kilichonileta hapa hamkijui.

Tulikuwa tunaishi Tabaka. Mume wangu alichonga wanyama na sahani za mawe, mimi nikivisugua kwa msasa na maji mpaka ving'ae. Karibu kazi yote ilienda ng'ambo. Tuliishi vizuri, hata shamba tukalikodisha. Nani angehangaika na jembe?

Kisha mnunuzi wetu akaanza kupunguza simu. Mara sahani zipungue, mara mzigo ubaki kwetu kwanza. Mume wangu akamuuliza kama kazi ina kasoro. Akasema haina. Huko kwao benki zilikopesha watu pesa za nyumba ambazo hawangeweza kulipa, kisha zikauziana hiyo mikopo kana kwamba ni mali safi. Sasa benki zenyewe zilikuwa zinaanguka na watu wanafutwa kazi. Nani atanunua twiga wa mawe huku nyumba yake inachukuliwa?

Nawaambia ukweli, nilicheka. Benki ianguke ng'ambo, mimi wa Tabaka inanihusu nini?

Wachongaji walianza kufunga vibanda, leo huyu, kesho yule. Ikafika asubuhi husikii mtu akigonga jiwe, ni kunguru tu. Mume wangu hakuacha. Alichonga vitu visivyo na mwenyewe, tukavirundika chumbani mpaka watoto wakahamia jikoni. Akaacha kula nasi. Akaacha hata kuniita. Majirani wakiniuliza, nasema yuko salama.

Alasiri moja aliondoka bila vifaa vyake. Nikamfuata. Nilimkuta amesimama ukingoni mwa machimbo ya zamani, anatazama chini. Nilitaka kupiga mayowe, sauti ikagoma. Nikasogea polepole.

"Rudi kwa watoto," akasema bila kugeuka. "Mimi sina kazi tena duniani."

Nikamshika shati. Hapo ndipo sauti ikaja, nikawaita wale wale majirani niliokuwa nikiwaficha hali yake. Wanawake niliosugua nao mawe walikuja mbio. Hakuna aliyemkemea. Walimvuta nyuma, wakakaa naye chini mpaka akalia.

Baadaye, shamba letu likiwa bado kwa aliyelikodi, kaka yangu akatupa kipande cha ardhi hapa. Mnajua maneno anayosemwa mwanamume akihamia ukweni. Alikuja kichwa kimeinama, akashika jembe. Leo ndizi mnazokula ni zake.

Nawashukuru wale wanawake, na kaka yangu, na ninyi ambao hamkutucheka. Lakini siku hizi nasikia watu wakisema bei ya majani chai inayumba na sababu iko mbali. Ndugu zangu, ya mbali hufika. Na ikifika, haianzi kwa kelele. Ukiona mtu wa nyumba yako amenyamaza, usimfunike. Ita watu angali anasikia.