Kipa Aliyetoa Mkono wa Pole

Wasikilizaji wapendwa, hakuwa na glavu. Hakuwa na kimo. Mabeki wake wote walimpita kwa urefu wa kichwa. Hakuwa na viatu vya mpira mpaka alipofika miaka kumi na tisa, na hata hapo cha kushoto kilikuwa cha mtu mwingine. Hakuwa na picha hata moja akiwa langoni. Na kwa miaka arobaini na moja hakuwa na jina safi mtaani kwao, Buyenzi, Bujumbura.

Huyo ni Radjabu, kipa. Alifariki Jumanne iliyopita hospitalini, kule Woluwe, hapa hapa Brussels, akiwa na miaka sitini na saba.

Leo tunamkumbuka kwa macho ya mtu aliyecheza mbele yake. Ni Sultani, beki wa kati, ambaye wengi wenu mnamjua kwa duka lake la vitenge, barabara ya Chaussée de Wavre. Ameturuhusu tuseme yote. Ametuomba tusimpunguzie neno.

Mtaani Radjabu aliitwa Mwingereza. Mwalimu wao alikuwa na gazeti kuukuu lenye picha ya kipa wa Uingereza wa enzi za babu zetu: kofia kichwani, sweta nzito hadi shingoni, mikono mitupu. Radjabu aliitazama picha ile siku nzima, kisha akamwomba dada yake, Aziza, amfumie sweta kama hiyo. Joto lote lile la Bujumbura, na kijana anadaka ndani ya sufu! Watu walicheka mpaka siku aliyodaka penalti tatu. Baada ya hapo walicheka kwa heshima.

Aziza bado yuko Buyenzi. Alituambia kwa simu: "Kila Jumapili jioni nilikuwa namkanda mikono kwa maji ya chumvi. Vidole viwili havikunyooka tena. Yeye anauliza tu kama chakula kiko tayari."

Sasa tufike kwenye fainali. Ilikuwa mwaka wa themanini na nne, kombe la mitaa, Buyenzi na Ngagara.

Timu ya Buyenzi ilikuwa na mwiko. Siku ya mechi, tangu alfajiri hadi kipenga cha mwisho, kipa hampi mtu yeyote mkono. Wazee wa timu walikuwa wamempeleka kwa mganga, mikono yake imefanyiwa dawa, na dawa hiyo hutoka kwa kushikana mikono. Lakini asubuhi ile jirani yao, mzee Lukman, alifiwa na mke wake. Radjabu aliingia msibani, akamkuta mzee amekaa peke yake, akampa mkono wa pole. Sultani alikuwa mlangoni. Aliona.

Dakika ya themanini ulikuja mpira mrefu, mpira wa kawaida kabisa. Radjabu akatoka langoni, mikono juu. Sultani akapaza sauti: "Niachie!" Kipa akishaambiwa hivyo na beki wake, anaacha, ndivyo walivyofanya mazoezi miaka sita. Radjabu akashusha mikono. Sultani akaruka, akaukosa. Mpira ukadunda mara mbili, ukaingia polepole.

Moja bila. Watu uwanjani hawakusikia sauti. Waliona tu kipa aliyetoka langoni akashusha mikono.

Baada ya mechi wazee waliuliza kimetokea nini. Radjabu akamtazama beki wake. Sultani akasema: "Asubuhi alimpa mkono mzee Lukman."

Ilikuwa kweli, wasikilizaji wapendwa. Ndiyo maana ilitosha kumwangamiza. Wiki ile ile wazee waliandika barua, wakaipiga muhuri, wakaisoma mbele ya timu nzima: Radjabu amevunja mwiko kwa makusudi, Radjabu ameuza mechi. Alikuwa na miaka ishirini na sita. Hakusimama langoni tena.

Vita vilipokuja, wote wawili walikimbia. Sultani alitangulia Brussels. Radjabu aliposhuka kwenye treni, stesheni ya Gare du Midi, aliyemngoja na koti mkononi alikuwa Sultani. Kwa miaka karibu thelathini walikula pamoja Idi zote. Radjabu alisukuma vitanda vya wagonjwa hospitalini hadi alipostaafu. Buyenzi hakurudi hata kutembea. Na mechi ile haikutajwa kamwe mezani.

Jumapili iliyopita, kando ya kitanda, Sultani aliitaja. Warda, binti wa marehemu, alikuwepo.

"Siku ile ni mimi niliyeita mpira," Sultani alisema.

"Najua. Nilikuwa hatua tatu nyuma yako. Mimi si kiziwi."

"Mbona hukusema?"

"Nilidhani utasema wewe kesho. Halafu kesho yake. Bon, baadaye ukapata watoto."

Sultani akaanza kuomba msamaha. Radjabu akamkatiza. "Mimi usiniombe. Waambie wa kule. Hapa nani ananijua?"

Sultani aliahidi kupiga simu Jumatatu. Jumatatu hakupiga. Jumanne Radjabu akafa.

Kule Buyenzi, Aziza aliweka matanga. Watu wa timu hawakuingia. "Walipita barabarani na kanzu zao," alituambia. "Nilikuwa nimewatandikia mikeka saba. Nimeikunja mwenyewe."

Aziza, dada yetu, pole. Warda, mwanetu, pole. Mungu amrehemu kipa wetu. Nanyi mnaotusikiliza, jiulizeni leo: ni nani aliyebeba kosa lako akanyamaza? Kama bado anapumua, usingoje Jumatatu.

Jana Warda, ambaye humwita Sultani mjomba, alimshauri: "Tonton, tuma audio tu. Dakika moja, wanasikia wote."

Sultani alikataa. "Walimfukuza kwa barua. Audio wataifuta."

Akakaa nyuma ya duka, akaandika kwa mkono wake kwa mzee Hassan, mwenyekiti wa timu wakati ule, ambaye angali hai. Aliandika kwamba yeye, Sultani, ndiye aliyeita mpira, ndiye aliyeukosa, na ndiye aliyemtwisha kipa lawama mbele ya wazee. Aliomba barua isomwe kwa sauti mbele ya timu nzima, siku ya arobaini, nyumbani kwa Aziza. Akaweka sahihi. Akaikunja, akalamba bahasha, akaibana kwa kiganja mpaka gundi ikashika. Posta aliomba itumwe kwa rejista, isipotee njiani. Karani akaigonga muhuri, akaitupa kwenye sanduku la barua za nje, akamwita anayefuata.