Kadi ya Pili ya Pikapu

Kaeni chini wanangu, mnisogelee, maana leo sauti yangu haifiki mbali. Mkubwa, toka hapo mlangoni, unanizibia upepo. Wa kati, huu mto upandishe kidogo, hapana, ushushe, basi uache hivyo hivyo. Saa ngapi sasa? Saa sita na robo? Kitinda mimba katoka hapa saa mbili kwenda ofisi ya usajili wa magari, na ofisi yenyewe si mwisho wa dunia, ni vituo vitatu vya basi na ngazi za kupanda, sasa anafanya nini huko mpaka saa hizi? Nimemtuma akaombe kumbukumbu za pikapu ya buluu, ile mliyoiita Kikohozi mlipokuwa wadogo kwa jinsi ilivyokuwa ikiwaka asubuhi, na barua ya kumruhusu nimeitia dole gumba mwenyewe mbele ya mwalimu huyu jirani yetu. Nataka karatasi yenye mhuri inieleze gari lile leo limeandikwa jina la nani. Ningeweza kukuuliza wewe, mkubwa, na ungenijibu vizuri sana, ndiyo maana sikukuuliza.

Mambo ya nyumba ni mafupi. Nyumba hii ni yenu watatu, asiuze mmoja bila wenzake, na chumba cha mbele akae kitinda mimba mpaka atakapoolewa, na asipoolewa akae tu, msimsumbue. Sanduku la spana ni la mkubwa. Cherehani ya marehemu mama yenu achukue wa kati, tena aitie mafuta, imekaa vibaya. Basi. Dereva wa lori haachi mali, anaacha mgongo mbovu na hadithi za barabarani, nazo mmeshazisikia mpaka mkachoka.

Lililobaki ni pikapu, nalo ndilo linaloninyima usingizi. Pikapu si yenu. Nasema mbele ya shahidi: si yenu, wala si yangu. Niliiuza miaka ishirini iliyopita kwa Randa seremala, mnamkumbuka, tulimwita Randa kwa sababu hata akija kula kwetu alikuja na randa yake mkononi, akaiweka kando ya sahani kama mgeni wa pili. Mimi ndiye niliyemfundisha kuendesha, na siku ya kwanza tu akabomoa ukuta wa choo cha watu, tukakimbia wote wawili, watu wazima na ndevu zetu. Aliniita kaka, nami nilimwita ndugu yangu. Tukauziana kama wengi wetu tunavyouziana: nikampa kadi ya gari, nikatia sahihi fomu ya kuhamisha umiliki ikiwa tupu, haina jina la mnunuzi wala tarehe, akaikunja, akaisukuma chini ya kiti cha dereva, tukapeana mikono. "Wiki ijayo nitakwenda ofisini kaka, niandikishe jina langu." Wiki ijayo yake ikawa miaka tisa, leo foleni ndefu, kesho kazi nyingi, na gari likaendelea kuandikwa jina langu huku yeye ndiye mwenye gari.

Nani huyo anayepita? Pikipiki? Siyo yeye? Haya. Mkubwa, hebu chungulia. Hapana, kaa, hili nataka ulisikie ukiwa umekaa.

Miaka kumi na moja iliyopita nilitaka mchanga wa kupiga lipu jikoni. Nikaenda kwenye karakana ya Randa nikamwambia nipe pikapu, nusu saa tu. Alikuwa na wateja watatu, anapima mlango. Hata kichwa hakuinua. "Leo ina kazi kaka, njoo kesho." Mteja mmoja akacheka, wala sijui kama alinicheka mimi. Lakini nilichemka! Mimi niambiwe njoo kesho, kwa gari nililolijua tangu likiwa na matairi yake ya kwanza? Sikurudi nyumbani. Nilikwenda moja kwa moja mpaka ofisi ya magari, dirisha la saba, kwa mama mmoja mwenye miwani ya kamba, akanipa fomu ya kuomba kumbukumbu, ndiyo hiyo hiyo ya kuombea kadi ya pili. Fomu ile inauliza: namba ya gari, jina lako, una uhusiano gani na gari hili, unaomba kwa sababu gani. Kwenye uhusiano nikaandika mwenye gari. Kwenye sababu nikaandika kadi imepotea. Kabla sijairudisha dirishani nikapita kituo cha polisi nikala kiapo kwamba kadi imepotea, nami naijua ilipo, iko kwenye kabati la Randa, chini ya mashati yake. Yule mama akaniangalia juu ya miwani, akaniuliza, "Mzee, umetafuta vizuri?" Nikamjibu nimepindua nyumba nzima.

Wakanipa kadi ya pili, na ile ya Randa ikafutwa. Kuanzia siku ile kadi yake na fomu yake vikawa karatasi za kufungia maandazi, naye hajui. Pikapu sikuitaka, jamani, ningeipeleka wapi? Nilitaka tu kujua kwamba siku nikitaka ninaweza. Nilikuwa nikimwona anapita na vitanda vyake nyuma, ananipungia mkono, nami nampungia, na moyoni nacheka. Baadaye kicheko kikaisha, ikabaki aibu. Mara ngapi nilifika mpaka mlangoni kwake kumwambia, nikaishia kuomba maji ya kunywa! Mwaka jana akafa. Nikatia udongo kwenye kaburi lake na kadi iko chini ya godoro langu, godoro hili hili.

Saa ngapi? Saa saba kasoro? Ofisi inafunga saa tisa na nusu. Nipeni maji. Kidogo tu.

Sasa wewe, mkubwa. Mwezi uliopita ulipogeuza godoro uliiona ile kadi, ukaona jina la baba yako, ukakimbia nayo kwa mjane wa Randa ukamwambia arudishe gari kabla ya mwisho wa mwezi huu. Mwisho wa mwezi ni keshokutwa. Mjane ana mafundi wawili, ana milango ya watu, na bila pikapu ile karakana haina miguu. Kuamini kadi sikulaumu. Lakini yeye alikuonyesha fomu kuukuu yenye sahihi yangu, nawe sahihi yangu unaijua, uliighushi ulipokuwa shule kwenye ripoti zako, usidhani sikujua! Uliitambua, halafu ukamwambia, "Mama, karatasi hii imeshakufa." Kitinda mimba ndiye aliyenieleza juzi, na tangu juzi sijalala. Usijitetee. Umefanya kile nilichokiandaa mimi miaka kumi na moja iliyopita nikakosa ujasiri. Nimekulea kwa roho hii hii, ungeitoa wapi kwingine?

Nikifa leo hali ikiwa hivi, sheria itasema gari ni la marehemu, liingie kwenye mirathi, na yule mama atalazimika kupanda mahakamani kuwashitaki ninyi watatu kwa mali aliyoichuma na mume wake. Sitaki. Nataka niliondoe jina langu mimi mwenyewe, nikiwa napumua. Ila kama mkubwa umeshalihamishia jina lako kimya kimya, basi hata dole langu halisaidii kitu, ndiyo maana nangoja ile karatasi na roho iko juu juu.

Hiyo ni sauti yake! Anaongea na nani? Aingie, aingie na viatu, nani kakwambia uvue? Kitinda mimba mama yangu, umekawia mno. Pumua kwanza. Hapana, usipumue, soma. Jina la mwenye gari ni nani?

Langu. Bado langu? Soma tena, na namba yote. Ah. Mkubwa, nisamehe mwanangu, nilikudhania mabaya zaidi. Njoo ukae hapa miguuni. Basi imekuwa rahisi, tuandike... Nini tena? Wamekupa jalada zima? Kuna karatasi gani nyuma? Fomu ya mtu mwingine aliyeomba kumbukumbu za gari hili? Itakuwa ni ile yangu. Yangu iko pia? Zipo mbili? Ya pili ni ya nani?

Ya Randa.

Tarehe gani? Mwaka ule ule. Miezi mitatu baada yangu. Basi ile wiki ijayo yake ilifika. Alikwenda kuandikisha, wakamwambia dirishani kwamba kadi yake imefutwa, wakamfungulia jalada, akaona fomu yangu. Akasoma, imepotea. Kwa mwandiko wangu. Na yeye kwenye sababu aliandika nini? Usiniangalie hivyo, soma. Nimesema soma!

"Nataka kujua gari ninaloendesha ni la nani."

Mungu wangu. Alijua. Wanangu, alijua! Mama yenu alikufa mwaka uliofuata, na jeneza lake nani alilitengeneza? Nani alikesha akilipiga msasa, akatulazimisha tusitoe hata shilingi ya misumari? Nani alilileta hapa mlangoni, na kwa gari gani? Mimi nilimkumbatia siku ile, nikajisemea moyoni maskini huyu hajui. Na yeye ananipigapiga mgongoni, "Jikaze kaka." Miaka kumi ananiita kaka, na ananijua. Angekwenda polisi ningefungwa, kiapo cha uongo ni jela. Hakwenda. Hakuniuliza hata kwa utani. Alikuwa ananingoja niseme mwenyewe, nami nikaomba maji ya kunywa. Niacheni nilie. Wa kati, usinifute, niache.

Basi. Saa ngapi? Mwalimu, ile fomu mpya ya kuhamisha umiliki iko kwako. Mkubwa, shika kalamu wewe. Andika jina la mjane wa Randa, jina lake lote, herufi kubwa. Andika na tarehe ya leo. Umemaliza? Nionyeshe. Sasa leteni wino. Mkono wangu hauendi, uinueni... si huo, wa kulia. Bonyeza. Tena. Mwalimu, tia sahihi yako hapo chini.

Ile kadi ya pili, mkubwa, itoe mfukoni umpe dada yako. Asante. Sasa sikilizeni, pumzi inakatika. Mjane lazima awepo dirishani atie sahihi yake, na gari nalo wataliangalia namba ya chasi. Piteni kwake. Mkubwa, ingia wewe kwanza, piga hodi kwa adabu, mwambie... usimwambie baba alichanganyikiwa. Usimwambie ni uzee. Sema baba aliiba, na mumeo alijua, na mimi nilikuja kumalizia wizi wa baba, tusamehe mama. Akikutukana, nyamaza. Akikataa kusamehe, endesha gari vile vile mpaka ofisini.

Nyote watatu. Ndiyo, hata wewe kitinda mimba, wewe ndiye unayeijua ngazi na dirisha. Akiona mkubwa peke yake atadhani ni hila nyingine. Mwalimu atakaa nami. Usinishike mkono hivyo mama, ukinishika nitakuomba ubaki, na ukibaki dirisha litafungwa. Nitajitahidi kupumua mpaka saa tisa na nusu. Siahidi.

Mungu awape riziki isiyo na machozi ya mtu ndani yake. Awaweke pamoja. Mkubwa, nimekusamehe, na wewe... na wewe unisamehe baba yako. Nibusu— hapana, msinibusu, mtachelewa.

Bado mmesimama? Saa ngapi hiyo? Nendeni jamani. Nendeni.