Neno Alilolirekebisha Karani Simeoni Mmbaga

Ndugu wafiwa, na ninyi nyote mliopanda mlima kuja kumsindikiza, marehemu kaka yetu Simeoni Mmbaga alizaliwa hapa Myamba tarehe 4 Machi 1909, mtoto wa tatu wa Mzee Asheri na Mama Eliaichi, akasoma shule ya misheni hadi mwaka 1926, na mwaka 1931 akaajiriwa Same kuwa karani mkalimani, kazi aliyoifanya kwa majivuno kidogo, maana alipenda kusema hakuna Kiingereza kilichomshinda. Tarehe 9 Juni 1934 alifunga ndoa na Priska, wakajaliwa watoto watano, wanne wako hai.

Yanayofuata aliagiza mwenyewe yasomwe. Mwaka 1937 Manase Mbwambo wa Kisiwani alishtakiwa kuchoma ghala la jirani, hukumu ikaja na neno "exculpate", marehemu hakulijua, akaona haya kuuliza, akawatangazia watu kwamba Manase amesamehewa. Watu wakasema anayesamehewa ni aliyekosa, wakaacha kumwita kwenye msaragambo, kazi ya pamoja ya kuchimba mfereji, na asiyechimba hana zamu ya maji, mahindi ya Manase yakakauka misimu minne.

Mwaka 1941 padri alimweleza kwamba neno hilo asili yake ni Kilatini, "ex" ni kutoka, "culpa" ni kosa, yaani kumtoa mtu hatiani kabisa, na culpa hiyo ndiyo aliyokuwa akiitamka misani kila Jumapili, "mea culpa", kosa langu, huku akijipiga kifua. Marehemu alilia. Kesho yake alikwenda Kisiwani, akasimama mferejini mbele ya watu wote, akasema Manase hakuchoma kitu, mkosaji ni yeye karani. Fanueli, msimamizi wa maji, akaweka jembe chini, akaenda mwenyewe kumwita Manase. Manase alikuja kuchimba, lakini hakumsalimu karani siku ile, wala miaka kumi na minne iliyofuata.

Septemba 1955 marehemu alianza kuugua kifua, akalazwa Same, na kila aliyemtembelea alimwambia asijilaumu, Kiingereza ni kigumu, maneno ambayo hayakumpa nafuu hata kidogo. Tarehe 11 Novemba Manase aliingia na kibuyu cha maziwa, akaketi karibu naye, akasema, "Ulikosa, Bwana Karani, nami nimekusamehe." Marehemu alikunywa maziwa yote, akalala usingizi mzito, na tarehe 13, saa tisa alasiri, akafariki dunia.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, makarani wenzake, majirani wa Myamba, na Mzee Manase, aliyefika leo kabla yetu sote. Kaka Simeoni, pumzika sasa, kwa amani.