Maisha ya Bwana Siki, Mtunza Mikanda

Ndugu waombolezaji, familia imenituma mimi mdogo wake, mtu wa kusoma kidogo na mwenye makosa mengi mbele za Mungu, niwasomee maisha ya kaka yetu, ambaye wengi mlimwita Bwana Siki.

Alizaliwa tarehe 12 Machi 1951, mtaa wa mabati nyuma ya kiwanda cha sabuni, ambapo leo imepita barabara kuu, akasoma papo hapo hadi darasa la saba, na mwaka 1970 akaajiriwa idara ya filamu kubeba makopo ya mikanda ya filamu, akapanda hadi kuwa mtunza mikanda, katika chumba cha chini kisicho na dirisha. Kila asubuhi aliyafungua makopo na kuyanusa, maana mkanda unaooza hutoa harufu ya siki, na usipotengwa huambukiza wenzake.

Mwaka 1977 alifunga ndoa na shemeji yetu mshonaji, Mungu akawajalia binti mmoja, fundi wa kompyuta.

Kati ya makopo hayo upo mkanda wa mtaa wetu kabla haujabomolewa, watu wanachota maji, wanacheka bila sauti, na majina yao hayakuandikwa popote. Marehemu shangazi alituambia mama yetu yumo, naye mama alifariki nikiwa mchanga, wala hatuna picha yake. Mkanda umekauka na kunywea, kwenye mtambo wa kunakili utapita mara moja tu, pengine usifike mwisho, kaka akaogopa, akaahirisha mwaka hadi mwaka. Tulimwambia ya kale hayanuki, akatujibu kwamba haya ya kwake yananuka. Misibani alikuwa akiwatazama wazee kwa hofu, kwa kuwa kila tuliyemzika aliondoka na majina.

Januari mwaka huu alishikwa na kifua, akalazwa, akafariki Jumanne alfajiri. Jioni ya Jumatatu, kabla hajafariki, alimwambia binti, "Mwanangu, nimeogopa mpaka nimechelewa. Upitishe mkanda wewe, wazee wakiwa wamekaa."

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani mliotuazima viti, na wenzake wa kazini mlioleta mtambo wa kunakili na skrini yake, uko sebuleni umefunikwa shuka. Binti tangu jana anaupangusa mtambo ule ule, na mimi naogopa kama alivyoogopa kaka. Wazee wetu wa mtaa ule, tukitoka makaburini msiondoke, kaeni mbele ya skrini, binti ataupitisha mkanda, na ukimwona unayemjua usimngoje jirani yako, mtaje kwa sauti.

Kaka, pumzika kwa amani, hofu tuachie sisi.